Chama cha siri cha wasimulizi wenye uchawi: nguvu yao iishie wapi?

BintiMwaloni

Wakuu habari za jioni. Naombeni mawazo yenu, hasa nyie mliokulia huku kanda ya ziwa mkasimuliwa stori na mabibi zenu, maana hii kitu imenikwamisha wiki ya tatu sasa sijaandika hata mstari.

Naandika riwaya ya dunia ya kubuni. Sio Tanzania, ila mi nimezaliwa Kirumba hapa Mwanza na kazi yangu ni dagaa wa jumla pale mwaloni, ufukweni samaki wanakoshushwa, kwahiyo dunia niliyoibuni nayo ina ziwa, kubwa mpaka hakuna aliyewahi kuona ng'ambo, lina visiwa na miamba iliyopandana kama hii yetu, na wenyeji wanaliita Asiyeitika kwa sababu ukipiga kelele ufukweni sauti hairudi.

Ndani ya hiyo dunia kuna chama cha siri, wanaitwa Wanakibatari. Hawana jengo wala sare. Mmoja ni fundi mitumbwi, mwingine mama lishe, mwingine anabeba mizigo bandarini, ukikutana nao barabarani huwezi kujua. Usiku wa kikao wanakaa chumba cha yeyote, wanawasha kibatari kimoja, anayesimulia anakibana utambi kwa vidole kinazimika, halafu anachokisimulia gizani kikifika asubuhi kimekuwa kweli. Akisimulia kwamba kijiji fulani kina kisima, asubuhi kisima kipo, kamba ya ndoo imeshachakaa, na watu wa kijiji wanakumbuka babu zao walivyokichimba.

Sasa nilimpa mdogo wangu asome sura tatu za kwanza, akaniuliza swali moja tu: "Dada, si waseme mfalme kafa, basi hadithi iishe?" Nikakosa jibu. Nimejaribu kuweka kwamba wanachoka wakisimulia sana, nimeona haina uzito, mtu akichoka si atalala aamke aendelee. Nimejaribu kuweka kwamba kuna maneno yamekatazwa, nayo naona ni kama nimeweka ukuta ili tu nisipite.

Na la pili, kwanini wajifiche? Nimeandika "wanamuogopa mfalme" lakini mwenye nguvu za kubadilisha asubuhi anamuogopaje mfalme? Nisaidieni, naipenda sana hii stori na sitaki kuiacha.

---

Kijana_Nyegezi

Dada hongera kwanza. Mi naona rahisi, kila akisimulia anapoteza kumbukumbu yake moja. Anaumba kisima anasahau jina la mama yake. Hapo lazima atabana matumizi.

---

Mtafuta_Kalamu

@Kijana_Nyegezi wazo sio baya mkuu lakini hilo la kulipa kwa kumbukumbu nimeshalisoma sehemu nyingi mno, na ukiangalia vizuri linamfanya msimulizi ndo kila kitu, yeye anasema, yeye anaumba, yeye anaumia. Mleta mada kaleta ziwa na kibatari, kaleta vitu vya nyumbani, itapendeza na sheria ya uchawi nayo itoke nyumbani. Wazee wa humu mko wapi?

---

Mzee_wa_Kisesa

Mwangaluka binti yangu. Nimesoma asubuhi hii na nimesoma mara mbili.

Nikueleze mambo ya mbina, ngoma zetu. Wasukuma tuna vyama viwili vikubwa vya ngoma, Bagika na Bagalu. Vimetokana na watu wawili, Ngika na Gumha, ambao walikuwa manju na waganga kwa pamoja, wakawa wanashindana nani ana dawa kali kuliko mwenzie. Hawakuamua kwa mikuki. Waliamua kwa watazamaji, kila mmoja acheze na watu wake, halafu watu waachwe waende wanakotaka, atakayevuta wengi ndiye mwenye dawa. Mpaka leo ni hivyo hivyo. Nenda Bujora hapa Kisesa wakati wa Bulabo, sikukuu yetu ya ngoma, mwezi wa sita baada ya mavuno, utakuta vikundi viwili vinacheza kwa wakati mmoja, na watu wanakimbilia huku, mara vumbi linainuka kule wanageuka wote wanarudi kule, wengine wamebeba watoto mgongoni, na yule ningi, kiongozi wa ngoma, anatoa kila alichonacho, chatu, sanamu za mti, nyimbo za kuchokoza wenzake, ilimradi usimuache.

Sasa tafakari. Ile dawa yote, ya kuchanja na ya kuoga na ya kufunga kiunoni, kazi yake inaonekana kwenye miguu ya mtu mwingine. Mtazamaji asiposogea, dawa imelala. Ningi peke yake uwanjani na dawa zake zote ni mtu anayeruka ruka tu.

Na hadithi ni hivyo hivyo. Kisukuma ukitaka kutega kitendawili unasema "Kalagu", wenzako wanajibu "Kize". Wasiposema Kize hujatega kitu. Waswahili wanasema Paukwa, mnajibu Pakawa. Hadithi hadithi, mnajibu hadithi njoo. Angalia hilo neno njoo, nani anaiita hadithi? Sio anayesimulia. Ni wanaosikiliza ndio wanaoiita.

Kwahiyo kwa maoni yangu hao watu wako wa kibatari umewapa nguvu sehemu isiyo yake. Msimulizi aweke maneno tu. Anayeyafanya kuwa kweli awe ni yule aliyeitikia gizani. Wakitaka mfalme afe, basi pale chumbani lazima apatikane mtu wa kuita "njoo" kwa hicho kifo, akijua anakiita.

---

BintiMwaloni

Shikamoo mzee, na wabeja sana. Nimesoma hii nikiwa juu ya magunia nikasahau mteja amesimama. "Nani anaiita hadithi", yaani hilo swali limenipa kichwa cha sura nzima.

Ila bado naona shimo. Watu kumi wenye hasira na mfalme si wataitikia wote kwa furaha? Mfalme wangu ni mbaya kweli, anachukua nusu ya samaki na anafunga watu. Mtu wa kusema "njoo" hatakosekana.

---

Mama_Doto

Marahaba kwa niaba ya mzee maana naona hajarudi. Mi natoka Misungwi, naishi Buhongwa.

Mdogo wangu unamjua Masala Kulangwa? Naamini unamjua, watoto wote wa kisukuma tumesimuliwa. Dubwana Shing'weng'we linameza watu wote na ng'ombe wote, nchi inabaki kimya, anabaki mama mmoja mjamzito aliyejificha kwenye makapi, anajifungua mtoto wa kiume, mtoto anakua anauliza mama watu wako wapi. Anatoka kulitafuta dubwana, anauliza kila kitu anachokutana nacho ni wewe Shing'weng'we, mpaka analipata analiua, analipasua tumbo, watu wanatoka hai, baba yake, majirani, ng'ombe, wote.

Wengi wanaishia hapo. Bibi yangu hakuishia hapo. Alikuwa anasema wakati Masala Kulangwa anapasua tumbo kisu kikamkata sikio bibi kizee mmoja aliyekuwa ndani. Watu wote wanashangilia, yule bibi anashika sikio lake. Akakasirika akaanza kutafuta dawa ya kumdhuru yule kijana.

Nilipokuwa mdogo nilikuwa namchukia yule bibi, nasema umeokolewa halafu unalalamika sikio? Nimekuwa mtu mzima nimemuelewa. Kile kisu kilipasua tumbo la dubwana lakini kilikuwa hakioni nani yuko nyuma ya ngozi.

Hiyo ndo bei yako. Kila hadithi ya Wanakibatari inakata sikio la mtu. Asiwe msimulizi, asiwe aliyeitikia. Awe mtu mwingine kabisa, ambaye hakuwa chumbani, na hawamjui mpaka baadae. Wamesimulia kisima, kisima kimekuja, lakini maji yametoka mahali, kuna mama huko milimani ameamka shamba lake la mpunga ni vumbi na yeye peke yake anakumbuka jana lilikuwa bichi. Sasa muulize mdogo wako, mfalme akifa kwa hadithi, nani atakatwa, na kiasi gani?

Na naomba nikuombe kitu dada, kutoka moyoni. Usiwafanye Wanakibatari wawe ni watu wanaotambulika kwa sura. Usiandike "walikuwa na macho mekundu" au "bibi mmoja mwenye macho ya kutisha". Huku kwetu mabibi wameuawa kwa mapanga kwa sababu ya macho mekundu, na macho yenyewe yamekuwa mekundu kwa moshi wa kuni na mavi ya ng'ombe waliyopikia maisha yao yote. Bibi yangu huyo huyo aliyenisimulia, tulimhamisha usiku, mimi nimebeba godoro, mama kabeba sufuria mbili, baada ya mtoto wa jirani kufa kwa homa na watu wakaanza kuongea. Hakuwahi kurudi kwenye ile nyumba. Alikuwa msimulizi kuliko mtu yeyote niliyewahi kumsikia, na toka tumemhamisha hakusimulia tena, ukimwambia bibi hadithi anasema nimechoka.

Riwaya yako ikitoka watasoma na vijana wa vijijini. Naomba tu.

---

BintiMwaloni

Mama Doto nimekaa nikalia kidogo. Pole sana dada yangu. Na nikuambie ukweli, sura ya pili nilikuwa nimeandika bibi mwenye macho mekundu, mkuu wa chama, niliweka ili atishe. Nimeshaifuta hiyo aya kabla sijakujibu. Sikuwa nimefikiria.

---

Kijana_Nyegezi

Aisee, hili la sikio nimelipokea, limenizidi. Sasa naanza kuona na usiri wao unakotoka, sio kumuogopa mfalme, ni kwamba watu wakijua kuna chumba ambapo ukiitikia tu unapata kisima, usiku huo huo kila mtu atakuja na kisima chake, kila mtu na ng'ombe zake, na masikio yatakatwa mpaka yaishe nchi nzima.

---

Mzee_wa_Kisesa

Umesema vizuri kijana. Niongeze kuhusu siri. Kuna Bayeye, chama cha watu wa nyoka, wanacheza na chatu na swila na wanajua dawa za kuumwa na nyoka. Dawa zao hazitolewi ovyo, mpaka uingie chama ufundishwe, upitie hatua. Watu wa nje wanaona wanaringa. Lakini hebu fikiria mtu aliyejifunza nusu, akashika swila kwa sababu aliona Myeye ameshika. Ile siri inalinda hata wasiokuwemo.

Wanakibatari wako wafanye hivyo. Mtoto akiingia chama asianze na kusimulia. Miaka ya mwanzo kazi yake iwe kwenda kutafuta aliyekatwa sikio. Kikao kikishaisha, asubuhi wanatumwa vijana wawili wawili, wanazunguka mialo na vijiji wanauliza kwa ujanja, nani ameamka na pengo, nani anasema jana palikuwa na kitu leo hakipo na ndugu zake wanamuona kachanganyikiwa. Wakimpata wanakaa naye. Wanamsikiliza. Hiyo ndiyo shule yao.

---

Mkerewe_Halisi

Habari wakuu, nimechelewa, nilikuwa kisiwani mtandao unasumbua.

Mi nataka kuchangia kuhusu lini wanakutana. BintiMwaloni wewe ni mtu wa dagaa unajua, dagaa wanavuliwa usiku wa giza kwa taa, mwezi ukiwa mkubwa taa haivuti kitu kwahiyo mbalamwezi kambi nzima inapumzika. Kule kambini stori zote nilizowahi kusikia nimezisikia mbalamwezi. Nyavu zimetundikwa, taa zimepangwa chini ya mti, watu wamelala kwenye mchanga na usingizi hauji kwa sababu mwili umezoea kukesha, basi mmoja anaanza. Kwahiyo Wanakibatari wakutane mbalamwezi. Hakuna atakayeuliza kwanini wavuvi wamekaa pamoja usiku, ndo kawaida yao. Halafu inakupa ugumu mzuri, wanahitaji giza la kusimulia na nje kumeng'aa kama mchana, itabidi wazibe kila tundu la ukuta kwa matambara.

La pili ni hadithi isiyoitikiwa. Mzee amesema bila mwitikiaji hakuna kitu. Mi nasema kipo, kinasubiri. Kwetu Ukerewe tulikuwa na mzee Aniceti Kitereza, alimaliza kuandika riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945. Ikachapishwa 1980, kwa Kiswahili, tafsiri aliyoifanya mwenyewe. Miaka 35 maneno yamekaa kwenye karatasi yanangoja mtu aseme njoo. Nikiwa mdogo nilipoambiwa hivyo sikulala, nilikuwa nawaza zile karatasi usiku zilikuwa zinafanya nini.

Kwahiyo dada weka mtu mmoja wa zamani kwenye chama aliyesimulia kitu kikubwa mno, chumba kizima kikaogopa, hakuna aliyeitikia. Alfajiri wakaondoka kimya. Lakini hadithi imeshasemwa, imekaa pale gizani, miaka inapita, chumba kimekuwa stoo ya nyavu, na siku moja anaingia mtoto anacheza kujificha, anasikia kitu kama mtu amevuta pumzi akisubiri, na yeye kwa utoto wake anasema...

---

Mtafuta_Kalamu

Nywele zimenisimama. BintiMwaloni kama hiyo haitaingia kwenye kitabu mi nitaumia.

---

Rutashobya_wa_Pasiansi

Kwa ufupi tu, kwetu Bukoba watambaji wa tenzi wanapiga nanga, ala yetu ya nyuzi, mpigaji anaimba habari za mashujaa saa nzima huku vidole haviachi nyuzi. Nilikuwa nafikiri kwenye chama chako awepo mmoja ambaye hatumii maneno kabisa, anapiga tu, na hakuna anayejua kama kimya cha watu baada ya nanga ni kuitikia au sio kuitikia. Huyo wamuogope kuliko wote. Na ziwa mpe mwenyewe, kwetu tuna Mugasha mwenye maji na dhoruba, ziwa lisilo na mwenyewe silielewi.

---

BintiMwaloni

Wakuu sina cha kuwalipa. Jana usiku nimeandika mpaka saa nane, simu imezima mara mbili. Ziwa langu limepata mwenyewe ila sitasema ni nani, @Rutashobya utaona. Nawawekea kipande kidogo, ni asubuhi ya kwanza ya msichana Tuma kutumwa kutafuta aliyekatwa. Naombeni mnikosoe bila huruma:

*Walimkuta kwenye mwalo wa tatu, ameketi juu ya mtumbwi uliopinduliwa. Mbele yake dagaa wa watu wengine walikuwa wametandazwa kwenye mchanga, wanameta. Alikuwa ameshika kasia moja tu.*

*"Shikamoo bibi," Tuma alisema.*

*"Marahaba. Na wewe umekuja kuniambia sikuwahi kuwa na mwana?"*

*Mwenzake Tuma alitaka kujibu, Tuma akamshika mkono. Alikuwa ameambiwa asianze yeye. Alikaa kwenye mchanga, akavua kandambili, akasubiri. Jua likapanda. Kunguru wakaja kwenye dagaa wakafukuzwa, wakaja tena.*

*"Alikuwa anakaa nyuma," bibi alisema mwisho. "Mimi mbele, yeye nyuma. Makasia mawili. Leo nimeamka kasia ni moja, nauliza watu, wananiambia bibi wewe siku zote unavua peke yako." Alilipitisha kidole lile kasia kwenye mpini. "Mtu mmoja havui kwa mtumbwi wa urefu huu. Waambie waje wanionyeshe wao wanavyopiga kasia peke yao mtumbwi wa urefu huu."*

*Tuma alikumbuka usiku wa jana, joto la chumba kilichozibwa matambara, sauti ya fundi mitumbwi ikisimulia daraja ambalo litavusha wagonjwa wa kisiwa kizima. Na sauti yake yeye mwenyewe, ya kwanza kabla ya wote, ikisema njoo.*

---

Mzee_wa_Kisesa

Sina cha kukosoa. Hapo kwenye mtumbwi wa urefu huu nimesimama nikatoka nje kidogo.

---

Mkerewe_Halisi

Safi sana. Kitu kimoja tu, bibi anayevua mtumbwini kwetu sio kawaida, kina mama wako kwenye kuanika na kuuza, lakini dunia ni yako na kwa kweli ndo inanifanya nimuone zaidi. Acha hivyo hivyo.

---

Mama_Doto

Nimesoma nikamsomea na mama yangu kwa sauti. Akasema huyu bibi amesemewa vizuri, hajafanywa mchawi.

Ila mdogo wangu, Tuma ana jina. Bibi ni "bibi" tu toka mwanzo mpaka mwisho. Yeye ndo kakatwa, yeye ndo anakumbuka peke yake nchi nzima. Mpe jina.

---

BintiMwaloni

Kweli kabisa, sikuliona hilo. Dada naomba nikuulize, na ukikataa sitaumia hata kidogo. Naweza kumpa jina la bibi yako?

---

Mama_Doto

Nimemuuliza mama kwanza ndo maana nimechelewa kujibu. Amekubali. Alikuwa anaitwa Ng'walu. Ukiandika usisahau ile alama juu baada ya ng, watu wanaiacha halafu linasomeka jina lingine.